Motokaa ya Laki Moja

Msomaji, bila shaka umepata kuona pikipiki moja iliyochukua jamaa nzima. Baba ameshika usukani. Mtoto mkubwa ameketi mbele yake juu ya tangi la petroli. Mama yuko nyuma, ameketi upande, amepakata mtoto mchanga. Na pengine baina ya baba na mama amebanwa mtoto wa tatu, asiyeonekana ila miguu. Ndugu zetu wa Tanzania huuita usafiri huo mshikaki, kwa jinsi watu walivyopangwa kama vipande vya nyama kijitini. Mtu akiona hucheka. Lakini mvua ikianza kunyesha na lami ikianza kuteleza, kicheko hukoma.

Habari nitakayokusimulia ilianza kwa picha kama hiyo, walakini si hapa kwetu. Ilianza katika Bara Hindi, na aliyeitazama picha hiyo akashindwa kuisahau alikuwa Ratan Tata, mwenyekiti wa makampuni ya Tata tangu mwaka 1991 hata mwaka 2012. Kampuni yake moja ilikuwa ikiunda malori tangu miaka ya 1950, na malori hayo umeyaona katika barabara zetu pia. Mtu huyu aliona jamaa za mshikaki kila siku katika miji ya nchi yake: baba akiendesha skuta, mtoto amesimama mbele yake, mama nyuma na mtoto mchanga mikononi. Alisimulia mwenyewe kwamba hapo kwanza hakufikiri motokaa hata kidogo. Alichukua karatasi akachorachora namna ya kuifanya skuta iwe salama zaidi. Akaipa magurudumu manne. Mchoro ukawa kigari kisicho milango wala madirisha. Michoro ile ilikua kidogo kidogo, mwisho ikawa motokaa.

Bei ya motokaa hiyo ilipatikana kwa namna ya ajabu. Katika maonyesho ya motokaa mjini Geneva, mwandishi wa gazeti alimwuliza Tata chombo hicho kitauzwa kiasi gani, naye akajibu kwa kukisia: kama rupia laki moja. Siku ya pili gazeti likatangaza kwamba Tata ataunda motokaa ya rupia 100,000. Wazo lake la kwanza lilikuwa kukanusha. Kisha akasema moyoni kwamba neno alilitamka, basi na liwe ndilo shabaha. Wahandisi wake hawakuulizwa.

Hapa nataka nikuombe usimame kidogo kwenye neno laki. Hili si neno la kigeni kwetu. Babu zetu wa pwani walilipokea kutoka kwa wafanyabiashara wa Kihindi waliokuja kwa pepo za kaskazi, pamoja na bima na hundi; na neno gari lenyewe ni la Kihindi. Kwa hiyo, mtu wa Mombasa akitamka maneno gari la laki, katika maneno yale matatu mawili yamevuka bahari. Nasema haya kwa sababu vijana wengi huisoma historia ya Uhindi kama kwamba ni ya sayari nyingine.

Ili uelewe kwa nini laki moja ilikuwa habari kubwa, yakupasa kujua Mhindi wa kadiri alikuwa akisafiri kwa nini kabla ya hapo. Kwa mtu wa kadiri nakusudia karani, mwalimu, mwenye duka dogo, fundi wa kiwandani mwenye mshahara wa mwezi. Mtu asiyelala njaa, lakini asiyeweza kusahau bei ya mchele. Baada ya Uhuru wa mwaka 1947, serikali ya Uhindi ilishika njia ya kupanga uchumi wote kwa vibali. Kiwanda hakikuweza kuongeza idadi ya vitu kinavyounda bila idhini. Motokaa zilikuwa za aina chache mno. Iliyojulikana zaidi iliitwa Ambassador, yenye umbo la Morris Oxford ya Kiingereza ya miaka ya 1950. Umbo hilo lilikaa karibu vile vile mpaka ilipokoma kuundwa mwaka 2014. Mtu aliweka jina lake katika orodha akangoja miaka. Hata skuta ilingojewa miaka. Motokaa ilikuwa chombo cha waziri, cha daktari mkubwa, cha tajiri, na cha dereva wa teksi.

Mlango wa kwanza ulifunguliwa mwaka 1983. Kampuni ya serikali, iliyoitwa Maruti, ilishirikiana na Suzuki ya Japani ikaunda motokaa ndogo iliyoitwa Maruti 800. Mwezi wa Desemba mwaka ule Waziri Mkuu Indira Gandhi alimkabidhi ufunguo mnunuzi wa kwanza, aliyepatikana kwa bahati nasibu. Lilikuwa gari dogo, jepesi, lisilo makuu; lakini lilikuwa jipya kwa kila hali, na daktari alilinunua sawasawa na karani. Tafadhali likumbuke jambo hilo la daktari na karani kununua gari moja, kwa maana tutalirudia. Kisha mwaka 1991 serikali ililegeza vibali, biashara ikapanuka, mishahara ya watu wa mijini ikapanda, na idadi ya watu wa kadiri ikaongezeka mwaka hata mwaka. Hata hivyo, mpaka mwaka 2008 Maruti 800 iliuzwa kama mara mbili ya ile laki ya Tata. Baina ya skuta na motokaa palikuwa na ngazi iliyokosa kipago kimoja, na watu mamilioni walisimama chini ya pengo hilo wakitazama juu.

Basi wahandisi wa Tata walipewa kazi ya kukitengeneza kipago hicho. Hawakuanza na motokaa wakapunguza. Walianza na bei wakauliza kila kipande kina haki gani ya kuwamo. Injini waliiweka nyuma, yenye silinda mbili tu na ukubwa wa sentimita za ujazo 624, nguvu yake kama ya farasi 35. Gurudumu lililozoea kufungwa kwa nati nne lilifungwa kwa tatu. Kifuta mvua kilikuwa kimoja. Kioo cha kutazamia nyuma kilikuwako upande wa dereva peke yake. Mlango wa nyuma wa kutilia mizigo ulikuwa na umbo la mlango, lakini haukufunguka. Mwenye mzigo alikunja kiti akaupitishia ndani. Aina ya bei ya chini haikuwa na redio wala kipoza hewa. Pamoja na hayo yote, watu wanne waliketi humo kwa raha, tena nafasi ya ndani ilishinda ya Maruti 800 ingawa kwa nje gari lilikuwa fupi zaidi. Mimi si mhandisi, lakini nasema bila kuogopa kwamba kazi ile ilikuwa ya akili nyingi. Kutengeneza kitu kizuri kwa fedha nyingi ni kazi ya ufundi. Kukitengeneza kwa fedha chache huhitaji ufundi na unyenyekevu pamoja.

Mwaka 1908 ulikuwa mwaka wa babu wa habari hii, nami nitamtaja mbele. Tarehe ya mjukuu ni 10 Januari 2008. Siku hiyo, katika maonyesho ya motokaa mjini New Delhi, Ratan Tata alitokea ukumbini akiiendesha mwenyewe motokaa ndogo nyeupe. Gharama za vyuma zilikuwa zimepanda sana tangu siku ya Geneva, na watu walidhani bei itabadilika. Alisema ni laki moja ile ile kwa bei ya kiwandani, kwa sababu ahadi ni ahadi. Motokaa ikaitwa Nano. Magazeti ya dunia nzima yakaandika kwamba ndiyo motokaa rahisi kupita zote duniani. Sifa hiyo, msomaji, ilishangiliwa siku ile na kila mtu, hata na wale ambao ingekuja kuwaangamiza.

Kabla ya kufika huko, lazima nikupeleke shambani, kwa kuwa motokaa haiundwi hewani.

Mwaka 2006 kampuni ilikuwa imechagua kujenga kiwanda chake mahali paitwapo Singur, katika jimbo la West Bengal, wilaya ya Hooghly. Wilaya ile ile ambayo Ambassador iliundwa. Jimbo lilitawaliwa na muungano wa vyama vya mrengo wa kushoto tangu mwaka 1977, na serikali hiyo ilijipatia jina zuri kwa kuwalinda wakulima waliolima kwa kugawana mavuno na wenye ardhi. Sasa waziri kiongozi wa jimbo, Buddhadeb Bhattacharjee, alitaka viwanda, maana watoto wa wakulima wale walikuwa wamesoma na hawakuwa na kazi. Mtu asidhani kwamba nia hiyo ilikuwa mbaya. Lakini ardhi iliyochaguliwa, kama ekari 997, ilikuwa ardhi yenye rutuba ya mpunga na viazi; na sheria iliyotumiwa kuitwaa ilikuwa sheria ya kikoloni ya mwaka 1894, iliyoiwezesha serikali kuchukua shamba la mtu kwa manufaa ya umma, mwenyewe apende asipende, na kumlipa fidia.

Wengi walikubali fidia. Wengine, waliomiliki kama ekari 400 ndani ya eneo hilo, walikataa kupokea hundi. Wakulima hao walimpata mtetezi, Mamata Banerjee, kiongozi wa chama cha upinzani, ambaye Desemba mwaka 2006 alifunga kula kwa siku 25 katika mji wa Kolkata. Ukuta wa kiwanda ulijengwa, na mapaa yakapanda. Huku nje ya ukuta watu wakapiga kambi na kuifunga barabara kuu. Wewe kijana wa Kenya, unayejua uchungu uliomo katika neno shamba, huna haja ya kufafanuliwa zaidi. Mtu mmoja alinyang'anywa mahali pa kulima ili mtu mwingine, wa mji mwingine, apate kushuka katika skuta. Wote wawili walikuwa watu wadogo. Matajiri hawakuwamo katika ugomvi huo ila kama mashahidi.

Tarehe 3 Oktoba 2008, kiwanda kikiwa karibu kumalizika, Tata alitangaza kuondoka. Mitambo ikafunguliwa, ikapakiwa katika malori, ikasafirishwa hata upande wa pili wa Uhindi, Sanand katika jimbo la Gujarat, ambako waziri kiongozi Narendra Modi alikuwa tayari kuipokea. Kiwanda cha Sanand kilifunguliwa Juni 2010. Huko Singur mapaa matupu yalibaki. Katika uchaguzi wa mwaka 2011 serikali iliyokaa miaka 34 iliangushwa, na Mamata Banerjee akawa waziri kiongozi. Mwaka 2016 Mahakama ya Upeo ya Uhindi iliamua kwamba ardhi ilitwaliwa kinyume cha sheria, irudishwe kwa wenyewe. Ilirudishwa, lakini shamba lililomiminiwa saruji kwa miaka kumi si shamba lile. Na mwaka 2023 baraza la usuluhishi liliamuru shirika la serikali ya West Bengal liilipe kampuni ya Tata rupia zaidi ya bilioni 7 kwa hasara iliyoipata. Hesabu hiyo hulipwa na walipa kodi, na miongoni mwao wamo wakulima wa Singur.

Turudi kwenye motokaa. Nano ilianza kuuzwa Machi 2009. Kwa kuwa kiwanda hakikuwa tayari, watu waliambiwa waandikishe majina pamoja na malipo ya kutangulia, na maombi 206,703 yakapokelewa. Magari 100,000 ya kwanza yaligawanywa kwa bahati nasibu, kama siku za Maruti. Mtu aliyeyatazama mambo siku hizo angeapa kwamba pengo la ngazi limezibwa. Kiwanda cha Sanand kilijengwa kiweze kutoa motokaa 250,000 kwa mwaka, na wengine walisema hata hizo hazitatosha.

Novemba mwaka 2010, katika nchi yenye watu zaidi ya bilioni moja, ziliuzwa Nano 509.

Nini kilitokea? Sababu za juujuu zilikuwako, nazo nitazipitia upesi. Magari kadhaa yalishika moto, na picha zake zikaenea. Kampuni ikatoa vifaa vya kuongeza usalama bila malipo, lakini hofu haifungwi kwa kifaa. Kodi na gharama za usafirishaji ziliongezwa juu ya bei, hata mnunuzi hakuiona laki moja kamwe. Mwenye skuta wa mji mdogo hakuwa na mazoea ya kuingia katika duka la motokaa lenye vioo na sakafu ya kung'aa, wala benki haikuwa na mazoea ya kumkopesha. Kampuni ilirekebisha mengi ya hayo: ilitafuta mikopo, ikaongeza muda wa dhamana ikawa miaka minne, ikatangaza. Mauzo yakapanda kidogo. Mwaka wa fedha uliokuwa bora kuliko yote, wa 2011 hadi 2012, ziliuzwa 74,527. Kisha yakashuka tena, na safari hii hayakuinuka.

Sababu ya ndani ilikuwa nyingine, na Ratan Tata mwenyewe aliikiri baadaye. Alisema kosa lilikuwa kuiacha Nano ijulikane kama motokaa rahisi kuliko zote. Aliikusudia iwe motokaa ambayo watu wanaimudu. Watu wakaisikia kuwa motokaa ya mtu asiyemudu nyingine.

Fikiri hali ya yule karani. Kwa miaka kumi ameweka akiba. Majirani wanajua kwamba anaweka akiba. Siku atakapoliegesha gari mlangoni, haonyeshi chuma na mipira peke yake. Anatoa tangazo mtaani kwamba nyumba hii imepanda. Mkewe hatalowa tena akienda harusini. Binti yake akija kuposwa, wageni watakiona chombo uani. Sasa tangazo hilo litasomwaje, ikiwa bei ya gari inajulikana na kila mtoto wa shule, na jina lake la utani ni gari la maskini? Kwa skuta yake hakuna aliyemwita maskini. Skuta ni ya kila mtu. Akinunua Nano ndipo atakapoitwa. Kwa fedha zile zile, au zaidi kidogo, aliweza kupata Maruti iliyotumiwa miaka mitano, gari ambalo daktari analo. Karani akanunua Maruti ya mkono wa pili. Asiyeweza, akabaki na skuta akaendelea kuweka akiba, akingoja siku ya kupanda kwa hatua ndefu.

Wako wanaowacheka watu hao kwa kuwaona wenye kiburi. Mimi sioni hivyo. Mwaka uliopita niliwauliza wanafunzi wangu wa chuo cha ualimu, ambao karibuni watapokea mshahara wa kwanza: kama ungewekewa motokaa mpya iliyo rahisi kuliko zote duniani, na Toyota kuukuu kutoka Japani kwa bei ile ile, ungechukua ipi? Karibu wote walichagua Toyota. Nikataka sababu. Walitaja vipuri, mafundi, barabara mbovu za kwao. Sababu nzuri zote. Kisha msichana mmoja wa nyuma akasema, "Mwalimu, ile mpya kila mtu anaijua bei yake. Ile kuukuu bei yake naijua mimi peke yangu." Darasa likacheka, lakini hakuna aliyembishia. Wahenga wetu walisema rahisi huvunja upishi, wakikusudia chakula. Huyu alikusudia heshima.

Wala si tabia ya Wahindi au ya Wakenya peke yetu. Nilikuahidi babu wa habari hii. Katika mwaka ule wa 1908, mwezi wa Oktoba, Henry Ford wa Marekani alianza kuuza motokaa iliyoitwa Model T, kwa dola 850 hivi. Hiyo nayo ilitengenezwa kwa ajili ya watu wengi: nyepesi, ndefu ya miguu, yenye kustahimili njia za matope, na mkulima aliweza kuifungua mwenyewe kwa spana. Mwaka 1913 kiwandani kwake Highland Park, Ford alianzisha utaratibu wa kulivuta gari mbele ya mafundi, kila fundi akitia kipande chake kimoja likipita. Na kiunzi kilichohitaji saa zaidi ya 12 kukiunga kikaungwa kwa muda wa saa moja na nusu. Januari mwaka 1914 alitangaza ujira wa dola 5 kwa siku ya saa 8, zaidi ya mara mbili ya uliozoeleka kiwandani humo. Ingawa mfanyakazi alikaguliwa kwanza hata nyumbani kwake, kuonekana kama anaishi kwa adabu. Bei ikashuka mwaka hata mwaka. Kufikia mwaka 1925 aina ya bei ya chini kabisa ilipatikana kwa dola 260. Fundi aliyeiunda aliweza kuinunua, jambo ambalo halikuwahi kutokea katika biashara ya motokaa.

Watu hupenda kuikatisha hadithi hapo, na vitabu vingi vya shule hufanya hivyo. Lakini Model T ilikoma kuundwa mwaka 1927, baada ya magari zaidi ya milioni 15, na haikukoma kwa kuwa ghali. Katika miaka ile ya 1920 kampuni ya General Motors, chini ya Alfred Sloan, ilipanga magari yake kama vipago vya ngazi, kutoka Chevrolet chini hata Cadillac juu, ikayapaka rangi mbalimbali, na tangu mwaka 1919 ilikuwa na shirika lake la kuwakopesha wanunuzi wakalipa kidogo kidogo. Model T, kwa miaka zaidi ya kumi, ilitoka kiwandani ikiwa nyeusi tu. Tena masoko yalikuwa yamejaa magari yaliyotumika. Mwenye dola chache aliweza kununua gari kuukuu lililo zuri zaidi kuliko Ford mpya. Mtoto wa mkulima aliyeshangilia Model T ya baba yake hakutaka kuonekana nayo mjini. Watu walikuwa wameshaitungia vichekesho. Tofauti baina ya babu na mjukuu ni hii: Model T ilipotokea, magari mengine yote yalikuwa mbali juu yake, nayo ilipata karibu miaka 20 ya kuheshimiwa kabla ya watu kuionea haya. Nano ilionewa haya tangu siku ya kuzaliwa.

Na sisi tumetoa mchango wetu katika mjadala huu. Lugha yetu ndiyo iliyoipatia dunia neno Wabenzi. Katika miaka ya 1960, Uhuru ulipokuwa mpya, wananchi waliwaona wakubwa wapya katika motokaa za Mercedes-Benz, wakawatungia kabila: kama kuna Wakamba na Wadigo, basi wako na Wabenzi. Ulikuwa mzaha wenye meno. Ulisema kwamba gari laweza kumhamisha mtu ukoo. Lakini ukiutazama vizuri, mzaha huo pia ulikiri kwamba watu wanasoma magari kama wanavyosoma majina. Na aliyelitunga neno hilo, naamini, angekubali kupanda kama angeitwa.

Mkenya wa kadiri wa leo hajengewi gari jipya la kiasi chake. Yeye hupokea gari lililokwisha kutumiwa na Mjapani wa kadiri, ambaye kwa bahati huendesha upande wa kushoto wa barabara kama sisi. Linashushwa Mombasa, na sheria inataka lisiwe limepita miaka minane tangu kuandikishwa. Miaka hiyo minane ndiyo inayompunguzia bei, na hakuna anayemwuliza kwa nini amenunua la rahisi, kwa sababu gari hilo siku ya kuzaliwa kwake halikuwa rahisi. Mwalimu mwenzangu alipolileta lake, tulilizunguka, tukapiga teke magurudumu kama wajuzi, tukamwambia hongera. Karatasi ya Kijapani ilikuwa bado imebandikwa kiooni. Hakuibandua mpaka ilipoanguka yenyewe.

Tata waliendelea kujaribu. Mwaka 2015 walitoa Nano iliyobadilishwa, na kati ya mambo waliyoyatangaza kwa fahari ni kwamba mlango wa nyuma sasa unafunguka. Bei yake ilikuwa imepanda sana, hata jina la laki likawa halina maana. Wakaguzi wa usalama wa Global NCAP walikuwa wameshaigongesha ukutani mwaka 2014 wasiipe hata nyota moja. Na jambo hili hunihuzunisha kuliko mengine, maana chombo kile kilibuniwa kwa sababu ya mtoto aliyesimama mbele ya skuta katika mvua. Ni kweli kwamba skuta ingegongeshwa vile ingefanya vibaya zaidi, lakini hakuna aliyewahi kuipima.

Juni mwaka 2017 kiwanda cha Sanand kilitoa Nano 275. Juni mwaka 2018 kilitoa moja. Sijui mafundi waliifanyia nini hiyo moja, kama waliipiga picha au waliiviringisha nje kama nyingine zote. Haikupita muda, uundaji ukaisha.

Mwezi wa Mei mwaka 2022, miaka miwili kabla ya kufa kwake, Ratan Tata alionekana akifika katika hoteli ya Taj ya Mumbai, hoteli kubwa ya kampuni yake, mahali ambapo magari ya fahari hupangwa mlangoni. Hakuwa na walinzi. Alikuwa mzee wa miaka 84, ameketi kando ya dereva, ndani ya Nano nyeupe. Watu waliokuwapo walitoa simu zao wakampiga picha, na picha hizo zikasambaa Uhindi nzima, zikisifiwa na watu wa kadiri waliozitazama wakiwa katika magari yao mengine.